Karani wa Nukta

Nyumbani kwao kila mtu alimwita Nukta, hata mama yake mzazi, na jina hilo alijipa mwenyewe bila kukusudia. Alipokuwa na miaka tisa, kaka yake, aliyemzidi miaka minne, alianza kumwandikia hadithi kwenye madaftari ya shule yaliyobaki kurasa. Nukta akisema, kaka akiandika, na kila sentensi ilipokwisha binti yule alitamka kwa nguvu zake zote: "Nukta!" Asipoiona imewekwa, haendelei. Mama alikuwa akimsikia kutoka jikoni, nukta, nukta, nukta, kama mtu anayegongea misumari. Jina likaganda.

Alizaliwa na mtindio wa ubongo. Miguu haikumbeba, mikono ilikwenda ilikotaka yenyewe, na maneno yalimtoka kwa kuburuzwa, mengine yamenyooka sana, mengine yamekunjamana, kiasi kwamba mgeni alisikia sauti tu, hasikii neno. Ila akili yake ilikuwa wembe. Baba alifariki mapema, kwa hiyo ndani walikuwa watatu. Mama alimwelewa robo tatu, na ile robo iliyobaki alikisia. Kaka alimwelewa yote. Hakuna aliyemfundisha. Walilala chumba kimoja tangu utotoni, na sikio lake likazoea, basi.

Kaka mtu alijifunza ushonaji, akawa Fundi, na mtaa mzima ukasahau kwamba aliwahi kuwa na jina jingine. Duka lake lilikuwa chumba cha mbele cha nyumba ileile: cherehani mbili, meza ya kukatia, kioo kirefu chenye ufa pembeni, pazia la kubadilishia nguo, na kamba ya nguo zilizokwisha zikingoja wenyewe. Nukta alikaa dirishani kwenye kiti chake cha magurudumu, kutwa. Wateja walidhani kwa kuwa hawamwelewi, naye hawaelewi. Basi mwanamke anapimwa kiuno huku anamsimulia Fundi jinsi wifi zake walivyogombania kitanda cha marehemu kabla hata matanga hayajaisha, nani kavuta mguu gani, nani kaondoka na mito. Na pale dirishani Nukta anameza kila neno. Mteja akivuka tu kizingiti, sauti inatoka: "Kaka, daftari."

"Nina suruali mbili za kumalizia leo."

"Suruali hazisahau. Mimi nitasahau."

Uongo mtupu; hakuwahi kusahau kitu maishani mwake. Lakini Fundi alikuwa akiweka mkasi chini na kuchukua kalamu. Ndivyo ilivyoandikwa tamthilia ya kwanza, "Kitanda cha Marehemu", Nukta akiwa na miaka ishirini na miwili. Fundi aliinakili kwa mwandiko wake wa kishule, wakaipeleka posta kwenda redioni, na wote wawili wakajifanya wameisahau.

Baada ya miezi mitatu mtu akabisha hodi. Alikuwa mtayarishaji wa michezo ya redio, bwana mnene, mchangamfu, na begi la ngozi begani. Akamshika Fundi mkono kwa mikono yake miwili.

"Hongera, ndugu mwandishi! Nimecheka mpaka mke wangu kanihamisha chumba."

"Si mimi, mzee. Mwandishi ni mdogo wangu huyu."

Mtayarishaji akageuka kumtazama Nukta. Mkono wa binti ulikuwa ukipepesuka kwa furaha, na mama alikuwa akimfuta kidevu. Kisha akamgeukia tena Fundi, akicheka kama mtu aliyeelewa utani.

"Ndugu yangu, unyenyekevu nao uwe na kiasi."

Nukta akasema kitu.

"Anasemaje?" mgeni akauliza.

"Anasema karibu, keti," Fundi akajibu.

Hapo Nukta alipiga ukelele uliomfanya mgeni arudi hatua moja nyuma, kwa maana alichosema hasa kilikuwa: mwambie akae kabla hajaanguka na huo ujinga wake. Fundi uso ukamchoma. Mama, ambaye robo hii aliielewa vizuri sana, ndiye aliyekata shauri.

"Mwanangu, toka nje," alimwambia Fundi. "Mzee, wewe baki naye. Taja herufi moja moja, a, be, che. Ukifika anayoitaka atakuitikia. Andika."

Fundi akatoka, akaketi uani na shati la mtu mapajani, akashona vifungo, akafumua, akashona tena. Ndani alisikia sauti ya mgeni ikihesabu alfabeti kama mtoto wa chekechea, na kila mara ukelele mmoja mfupi wa Nukta. Saa nzima na nusu. Jasho jembamba lilimtoka, utadhani mtihani ni wake. Halafu kikapasuka kicheko kikubwa, naye akaingia mbio. Mtayarishaji alikuwa ameshika karatasi, machozi yanamtiririka. Iliandikwa hivi:

"MGENI: Wewe ndiye uliyeandika? MSICHANA: Ndimi. MGENI: Siamini. MSICHANA: Suruali yako imefumuka nyuma. Na hilo huamini?"

Bwana yule alipapasa nyuma. Ilikuwa imefumuka kweli, shibiri nzima. Ikabidi akae nyuma ya pazia amejifunga shuka wakati Fundi anamshonea, na kutoka humohumo akawa anapaza sauti kumuuliza Nukta ana nyingine ngapi kama ile. "Tele!" Nukta akajibu, na neno hilo moja mgeni alilielewa bila msaada wa mtu.

Zilikuwa tele. Kwa miaka kumi na moja redio ilirusha michezo yake, na Jumamosi saa kumi za jioni mtaa wao ulitulia kana kwamba umetangaziwa msiba. Wateja wakaanza kupunguza domo dukani, lakini si kwa muda mrefu. Baada ya mwaka walikuwa wakiongeza chumvi makusudi, kila mmoja akitumaini kujisikia redioni. Fundi alioa. Mkewe, mwanamke mwenye maneno machache na macho makali, alijifunza kumwelewa Nukta ndani ya miezi sita, na mawifi hao wawili wakawa chanda na pete. Fundi mara nyingi aliwakuta wanacheka, akaambiwa hakuna kitu.

Kisha akaja Radi. Hilo lilikuwa jina alilopewa na waigizaji wake kwa sababu ya sauti. Alikuwa mwongozaji wa michezo ya jukwaani, mwanamke mrefu mwenye miwani iliyofungwa kamba shingoni, naye alitaka tamthilia ndefu, ya saa mbili, ya kuchezwa ukumbini. Nukta alimwandikia. Kwa mara ya kwanza hakuandika habari za wateja. Aliandika habari ya mama mmoja na binti yake asiyeweza kutembea, ndani ya nyumba ya vyumba vitatu, na ilichekesha kama kawaida yake, ila katikati palikuwa na mahali ambapo mama, amechoka, ameinama anambadilisha binti nguo, anasema: "Nikifa mimi kwanza, sitakusamehe. Ukifa wewe kwanza, nitapumzika, na kwa hilo sitajisamehe."

Fundi aliandika maneno hayo. Aliyafahamu. Mama aliyasema kweli, siku moja ya mvua, miaka mingi nyuma, akidhani Fundi hayupo. Na mama huyohuyo alikuwa amekwisha kushonewa gauni la kwenda kuketi mstari wa mbele. Basi alipokuwa akiipiga chapa nakala ya mwisho, peke yake, Fundi alifika kwenye mstari ule, akasimama, akatazama dirisha, kisha akaandika: "Nikifa mimi, Mungu atakulinda." Akavuta karatasi. Hakulala vizuri wiki ile, lakini alijiambia kwamba amefanya wema.

Siku ya mazoezi ya tatu Nukta alikwenda kusikiliza. Mwigizaji akafika mahali pale, akainama, akasema kwa huzuni nzuri kabisa kwamba Mungu atakulinda. Nukta akapiga kelele. Hakuacha. Mazoezi yalisimama, Radi akapandisha miwani usoni.

"Ana nini? Anaumwa?"

"Haumwi," Fundi alisema. "Anasema hayo si maneno yake."

"Ni ya nani?"

Waigizaji saba walikuwa wakimtazama Fundi, na mdogo wake pia, kwa jicho ambalo hajawahi kutazamwa nalo.

"Yangu," alisema.

Nukta alitamka mstari wake mwenyewe, pole pole, neno kwa neno, na akamlazimisha Fundi autafsiri kwa sauti mbele ya watu wote. Mwigizaji aliyeigiza mama akaketi chini palepale jukwaani. "Huo ndio mstari," alisema. "Mungu wangu, huo ndio."

Siku kumi na moja Nukta hakusema na kaka yake. Hata chai alimwomba wifi yake, na kama wifi hayupo, hanywi. Dukani palikuwa kimya mpaka wateja wakauliza kama kuna mgonjwa. Fundi aliomba radhi asubuhi, akaomba mchana, akaomba kwa kupitia mkewe.

"Nilimhurumia mama," alisema.

"Mwambie," Nukta akamjibu wifi yake, huku kaka amesimama hatua mbili mbele yake, "mwambie aliyekuwa akihurumiwa ni yeye mwenyewe."

Mkewe alimgeukia. "Umesikia, sina haja ya kurudia."

Siku ya onyesho ukumbi ulijaa. Mama aliketi mstari wa mbele na gauni lake la bluu, Nukta kandokando yake, Fundi nyuma yao, mikono ameibana katikati ya magoti. Mstari ulipokaribia alitamani kutoka nje. Mwigizaji akainama, akausema. Ukumbi mzima ukawa kimya. Katika ukimya ule, mama akasema kwa sauti ya kawaida, kama anayemjibu mtu jikoni: "Nilisema hivyo. Nilisema kweli." Kisha akaushika mkono wa Nukta uliokuwa ukiruka, akautuliza mapajani mwake. Fundi alilia kama mtoto. Watu waliokuwa jirani naye walidhani ni mchezo umemgusa, wakampigapiga mgongoni.

Walipokuwa wakirudi nyumbani mama alimwambia, "Wewe ulitaka kunifanya malaika. Nani kakuambia nataka?"

Kesho yake Nukta alimwita. "Kaka." Lilikuwa neno la kwanza baada ya siku zile zote, na Fundi karibu ajichome sindano. "Nimeona picha hospitali. Mtu amevaa ukanda kichwani, una kijiti mbele, anabonyeza kompyuta. Nishonee."

Fundi alielewa anachoombwa. Alielewa pia kwamba kitu hicho kikifanya kazi, daftari halitaitwa tena. Akachukua utepe, akampima kichwa.

Ukanda wa kwanza ulimteleza ukamfunika macho. Wa pili ulimbana mpaka ukamwachia alama kwenye paji la uso kama mtu aliyegonga mlango. Wa tatu aliutia bitana ya flaneli, akaufunga mkanda laini chini ya kidevu, na kwa kijiti akachukua ubavu wa mwavuli mbovu, akaupinda, akauchomekea kipande cha raba kwenye ncha. Kompyuta ilitoka kwa Radi. Alikuwa amepata mpya. Nukta alichukua wiki mbili kujifunza kuituliza shingo yake. Siku ya kumi na tano aliandika neno zima bila kukosea. Neno lenyewe lilikuwa "fundi". Fundi akatabasamu. Akaongeza la pili: "mwongo". Mkewe alicheka mpaka akashika ukuta.

Tangu siku hiyo mlio wa tak, tak, tak ulitoka chumba cha nyuma kila asubuhi, kuanzia saa tatu mpaka saa sita. Herufi moja, pumzi moja. Radi alikuwa ameingia katika filamu, na alimwomba Nukta mswada. Kazi ambayo zamani wangeimaliza kwa miezi minne ilimchukua miaka miwili. Fundi alishona na sikio likiwa nyuma. Alikuwa akijiongelesha kwamba amepumzika, sasa suruali za watu zitatoka kwa wakati. Lakini mkono ulizoea kalamu. Mara moja alipita na chai, akajaribu kuchungulia kioo cha kompyuta. Kijiti kikageuka na kumwelekea puani.

"Toka!"

"Naleta chai tu."

"Chai haina macho."

"Umeachwa," mkewe alimwambia. "Pole. Waume wengine huachwa kwa ngoma ya mdundiko, wewe umeachwa kwa tak, tak."

Yaliyomfikia yalikuwa vipande tu. Alijua kwamba watu wa kampuni ya filamu walikuja kuzungumza na Nukta, wakasema wameipenda, ila wangependa zaidi habari ya msichana wa kiti cha magurudumu ambaye mwishoni anasimama na kutembea, watazamaji watalia. Nukta aliwaandikia jibu mbele yao, nao wakangoja dakika sita nzima wakitazama kijiti kikipanda na kushuka. "Nikitembea nitawaarifu. Kwa sasa nina mjane na mpangaji wake." Radi alipiga meza kwa kicheko, na habari ya msichana ikaishia hapo.

Filamu ilionyeshwa mchana wa Jumapili. Mama hakuiona, alikuwa amefariki mwaka uliotangulia, usingizini, na Nukta alikuwa ameacha kuandika kwa miezi mitano kabla ya siku moja mlio ule kuanza tena kule nyuma, na Fundi akasimamisha cherehani ili ausikie vizuri. Sasa walikuwa wanne safu moja: Radi, mkewe Fundi, Nukta kwenye nafasi ya kiti chake, na Fundi pembeni. Taa zikazimwa.

Jambo geni likamtokea. Kazi zote za mdogo wake alikuwa akizijua kabla ya watu, tangu neno la kwanza; akikaa ukumbini alikuwa akihakiki tu, kama anavyotazama mshono wake mgongoni mwa mtu barabarani. Leo hakujua kitu. Mjane alionekana kwenye kioo kikubwa, anafua shuka, anaanika. Bwana mmoja aliyevaa suti ya zamani akaja kuulizia chumba, akasema yeye ni hakimu mstaafu. Fundi aliitazama suti ile, akaona bitana imeshonwa kwa mkono, kazi ya mtu asiyemudu fundi, akanong'ona: "Hakimu gani huyo? Si hakimu!"

"Nyamaza," alisema Nukta.

Akanyamaza. Akacheka pale mpangaji alipoamua ugomvi wa kuku wa majirani na kutoa hukumu ndefu ya kisheria asiyoielewa yeye mwenyewe. Akashika kichwa pale mjane alipokuta ndani ya soksi karatasi zilizofichua uongo wenyewe, na badala ya kusema, akaendelea kumpikia. Alimwogopea. Alimpenda. Alisahau kabisa kwamba kuna mtu aliyekaa miaka miwili akibonyeza herufi moja moja ili mwanamke yule avute pumzi. Mpangaji alipoondoka bila kuaga, Fundi alimkamata mdogo wake mkono.

"Atarudi?"

"Kaka. Tazama."

Mwishoni mjane ameketi mezani peke yake. Mlango unabishwa. Anafuta mikono kwenye nguo yake, anasimama, anakwenda kufungua; na hapo picha ikakata. Watu walipiga makofi wamesimama. Fundi hakusimama. Alibaki kwenye kiti, mdomo wazi, kama aliyenyang'anywa sahani.

Wiki nzima hakushikika. Kila mteja aliyeingia dukani alisimuliwa filamu kuanzia shuka ya kwanza, na kila mara Nukta, aliyekuwa amerudi dirishani kupumzika, alipaza sauti kusahihisha: si kuku watatu, ni wanne, hakusema "mheshimiwa", alisema "mama mwenye nyumba". Wateja wa siku nyingi walikuwa sasa wanamwelewa, nusu kwa nusu, na walicheka wakiwatazama wote wawili kwa zamu.

Alhamisi mteja wa mwisho aliondoka na sketi yake. Fundi alikunja vitambaa, kisha akamgeukia.

"Sasa niambie, tuko wawili. Aliyebisha ni hakimu?"

"Sijui."

"Hujui vipi, na wewe ndiye uliyeandika?"

"Niliandika hodi. Sikuandika mtu." Alipumua, akayakusanya maneno yake. "Wewe unaonaje?"

Fundi alimtazama. Miaka ishirini na mingine juu alikuwa amemwandikia, amemsomea, amemsafirishia karatasi na kumtafsiria, na katika muda huo wote hawakuwahi kuulizana hivyo. Alivuta kigoda karibu na dirisha, akaketi, akakuna kidevu.

"Mimi naona," alianza, "si hakimu. Ni mke wa hakimu."

Nukta alicheka, mikono yote miwili ikaruka hewani, na akamwambia aendelee.